Vifungo vya Bahari

Jumatatu, 1 Julai 1957

Nimepima damu tangu asubuhi. Malaria, malaria, safi, malaria. Macho yananiwasha. Kiangazi kimekaza, na vumbi jeusi la volkano linaingia maabara hata madirisha yakifungwa.

Jioni nimeosha vioo vyote vya hadubini. Hospitali yetu ya Goma hainunui vipya ovyo, kwa hiyo kioo kimoja hupitia damu za watu wengi kabla hakijavunjika. Naviosha kwa sabuni, kisha navisugua kwa kitambaa na ule unga mweupe wa kopo, ule ambao Wazungu hung'arishia madirisha yao. Hakuna aliyenifundisha. Nilijitungia mwenyewe. Vinang'aa hadi Dokta huvionyesha kwa wageni. Najivuna kwa hilo, na sioni aibu.

Dokta kaniita. Kuna Profesa kutoka Ubelgiji, amekuja kuchunguza udongo wa ziwa. Sanduku lake la vioo limevunjika njiani, vimebaki vichache. Anataka vioo vyetu na mtu wa kumtayarishia kazi mchana. Nimekubali kabla Dokta hajamaliza kusema.

Jumatano, 3 Julai

Profesa ni mrefu, hana subira, anasahau kula. Ananiita Kambale tu, bila bwana wala samahani. Sijali. Anajua kitu na anakieleza.

Udongo anauchimba kwenye ukingo wa ziwa, njia ya kwenda Sake, juu ya maji, mahali ziwa lilipofika zamani. Mweupe, mwepesi kama unga wa muhogo. Nilidhani ni chokaa. Kumbe ni mwani. Mwani mdogo usioonekana kwa macho, uliishi majini, ukafa, maganda yakazama, tabaka juu ya tabaka, hadi yakawa udongo. Nimeangalia mwenyewe. Maganda ya kioo, membamba kama sindano, mengine ya duara, yenye mistari iliyopangwa vizuri kuliko kazi ya fundi yeyote.

Kila mwani huchagua maji yake, anasema. Kuna wa maji matamu na kuna wa chumvi. Ukilijua ganda, umeyajua maji yaliyokuwa pale, hata kama yalikauka kabla ya mtu wa kwanza kuzaliwa. Kwao Ulaya kuna vilima vizima vilivyotokana na mwani wa bahari. Maganda yake ni ya chokaa, madogo mno, duara, yana tundu katikati. Vifungo vya shati, basi. Kwa vifungo hivyo walijua kwamba bahari yenye joto iliwahi kufunika nchi zao. Wadudu wa majini walikula mwani, samaki wakala wadudu, na mijusi wakubwa wa baharini wakala samaki. Ukoo wote ule ulilishwa na kifungo.

Sijawahi kuona bahari. Nimerudi mtaani kwetu Mapendo na furaha ya kijinga.

Ijumaa, 5 Julai

Vimeonekana.

Profesa alikuwa ameinama kwenye hadubini yake. Akasukuma kiti, akaniambia niangalie. Kifungo. Kando yake kingine. Katika udongo wa Sake.

Vifungo haviishi kwenye maji matamu, anasema. Vikiwa kwenye udongo huu, basi bahari iliwahi kufika hapa, katikati ya bara. Wataalamu walibishana sana zamani juu ya ziwa Tanganyika, kwa sababu konokono wake wanafanana na wa baharini. Walioamini bahari walishindwa. Yeye ni mmoja wao aliyebaki.

Akaniambia nitayarishe vioo vingine, vyote. Nimetayarisha hadi jua likazama. Sikuhisi njaa.

Jumamosi, 6 Julai

Vifungo vipo tena. Si vingi, lakini vipo.

Profesa amesema nitakwenda naye Ubelgiji. Mwaka mzima, kumtayarishia vioo katika maabara yao. Jina langu litaandikwa chini ya lake. Nikamwomba arudie. Amerudia.

Nimemwambia mke wangu, Mama Anna, nikiwa bado mlangoni. Ameweka sufuria chini, amekaa. Kabla ya chakula kuiva Mapendo yote ilikuwa na habari. Majirani wamekuja kunishika mkono. Mmoja ameniuliza kama huko watu wanakula ugali. Nimemjibu nitapeleka wangu.

Jumatatu, 8 Julai

Nimejaribu koti la shemeji. Mikono mifupi. Mama Anna anasema itarefushwa. Kuna wanawake wameanza kumwita Mama Bulaya, mama wa Ulaya, naye anaitika.

Profesa amehamia Rumangabo, kwenye kambi ya hifadhi, aandike ripoti kwa utulivu. Jumapili ripoti inashuka Goma kwa gari la kambi, Jumatatu inapanda ndege. Mimi nimerudi kwenye damu zangu. Leo nimesugua vioo kwa bidii kuliko siku zote.

Jumanne, 9 Julai

Sijui nianzie wapi.

Damu ya mtoto wa Mapendo, homa kali. Nilikuwa natafuta vimelea. Nikaona kifungo.

Nikacheka. Nikadhani macho yamechoka, yanaona yanachotaka. Nikasogeza kioo. Kingine. Duara, tundu katikati, katikati ya chembe za damu ya mtoto ambaye hajawahi kufika mbali kuliko soko la Kituku.

Bahari haimo kwenye damu ya mtoto. Haikunichukua muda kuelewa. Nikachukua kioo kilichooshwa, kilichosuguliwa, nisiweke kitu chochote juu yake. Vifungo. Nikaweka chembe ya unga wa kopo kwenye kioo kingine. Vimejaa, vimebanana, vizima na vilivyovunjika. Unga ule ni kilima cha Ulaya kilichosagwa. Bahari ya Profesa nimeileta mimi, kwa kitambaa.

Nilikumbuka kwamba kuna vioo vyake vipya vimebaki kabatini. Nikaweka udongo wa Sake juu ya kimoja bila kusugua. Nimetafuta pembe zote. Sindano tu, na maganda ya duara ya maji matamu. Hakuna kifungo hata kimoja.

Mtoto ana malaria. Nimeandika. Amepewa dawa.

Nina hasira na kila kitu, kuanzia kitambaa.

Jumatano, 10 Julai

Hakuna anayejua. Naweza kunyamaza. Nimelifikiria hilo tangu asubuhi, sitajidanganya hapa.

Nimemweleza Mama Anna. Amesikiliza yote, mikono kwenye unga wa ugali.

"Papa Anna, nyamaza tu. Ni nani ataangalia kioo chako kule Bulaya?"

Nikamwambia wengine wataangalia. Ndiyo kazi yao.

"Bakiangalia, sisi tutakuwa tulishafika."

Nimecheka ingawa sikutaka. Yeye hakucheka. Ameuliza atawaambia nini watu. Kisha akanigeuzia mgongo. Hajasema neno tangu hapo.

Nataka kwenda Ubelgiji. Naliandika wazi. Nataka kuliko nilivyowahi kutaka kitu. Lakini kila utakapofunguliwa mlango wa maabara ile nitakuwa nasubiri mtu aje na kioo kisichosuguliwa. Siwezi kuishi hivyo mwaka mzima. Hata wiki siwezi.

Alhamisi, 11 Julai

Nimemwambia Dokta. Amekunja uso, akachukua kopo, akalifungia kabatini kwake. Juu ya Profesa amesema: atarudi wiki ijayo, utamwambia.

Wiki ijayo ripoti itakuwa Ulaya. Nimeomba ruhusa ya kwenda Rumangabo. Kazi kwanza, amesema. Nimeomba tena. Amesema Jumamosi, nikimaliza damu zote.

Nitamaliza.

Jumamosi, 13 Julai. Rumangabo

Damu zilikwisha kabla ya saa sita. Vioo vyangu vitatu nimevifunga kwenye pamba: kitupu kilichosuguliwa, cha unga, na kile kipya chenye udongo wa Sake.

Nimepanda lori la Bizimana, mtu wa Rutshuru, anayepeleka chumvi na vitambaa kwao. Kaniuliza naenda kutafuta nini, nikamweleza. Alicheka hadi akapunguza mwendo, akanitania kwa kabila langu.

"Wee Munande wa namna gani? Banande bote banapenda safari. Wee unalipa lori ili uikimbie."

Nikamwambia aangalie njia. Tulipopita Kibumba kulikuwa na baridi, nilitamani lile koti. Baada ya hapo vumbi, mawe, vumbi. Vioo nilivipakata njia yote.

Profesa alikuwa anaandika barazani. Ripoti ilikuwa imekwisha, imefungwa kwenye bahasha kubwa mezani. Hakufurahi kuniona. Nilimpa vioo, nikamwambia cha kwanza hakina kitu juu yake. Akasema hana wakati wa mchezo. Nikamwambia si mchezo, na kwamba sitaondoka.

Sijawahi kusema na Mzungu hivyo. Sauti yangu ilikuwa tulivu, sijui ilitoka wapi.

Akaangalia. Cha kwanza. Cha pili. Kwenye cha tatu alikaa muda mrefu mno, anasogeza, anarudi, anasogeza. Alikuwa anatafuta kifungo kimoja tu. Nilimhurumia. Niliomba naye akipate, Mungu anajua.

Akainuka. "Unasugua kwa kitu gani?" Nikamwambia. Akauliza nani aliniagiza. Nikasema hakuna, ni mimi. Akaniita mjinga, kisha akasema mjinga ni yeye, ambaye hakuwahi kuangalia kioo kitupu. Hayo yote hakuyasema kwa upole. Aliichukua bahasha, akaingia nayo ndani, akafunga mlango.

Nalala kwa mpishi wa kambi. Kanipa maharage, hakuniuliza kitu. Mwili wote unaniuma, na nimetulia.

Jumapili, 14 Julai

Gari la kambi limeshuka Goma bila ripoti. Nilikuwa nyuma, juu ya magunia.

Mama Anna amenipa maji ya kuoga. Bado hasemi. Koti limerudishwa kwa shemeji.

Jumatano, 17 Julai

Profesa amerudi. Tumerudia kazi yote kwa vile vioo vyake vipya vilivyobaki. Ameangalia yeye, nimeangalia mimi, tumebadilishana viti. Tabaka la juu, la kati, la chini. Mwani wa maji matamu, mwanzo hadi mwisho. Ziwa lilipanda, likashuka, likawa na chumvi yake kidogo miaka fulani, sindano zinaonyesha. Lakini bahari haikufika. Hao mijusi wakubwa hawakuogelea hapa.

Amesema hilo nalo ni jibu. Alilisema kama mtu anayemeza kwinini.

Nilimuuliza juu ya Ubelgiji. Sikutaka kukaa nikikisia. Akanitazama usoni, mara ya kwanza nadhani, akasema fedha za safari zilikuwa za bahari. Kwa ziwa hawatoi. Jina langu ataliandika palepale alipoahidi, chini ya lake, na huo ndio uwezo wake.

Nimemshukuru. Nimeenda nyuma ya maabara nikasimama pale mpaka nikaweza kurudi. Imeuma. Bado inauma.

Jumatatu, 22 Julai

Profesa ameondoka kwa meli ya Bukavu. Damu asubuhi yote. Vioo naviosha kwa sabuni na maji tu sasa. Having'ai.

Mama Anna alikwenda Kituku kununua tilapia. Wakati wa kula akaanza kusema, kana kwamba hakuwahi kuacha.

"Bamama ba samaki baliniuliza siku ya safari."

Nikaacha kumega ugali.

"Nikabaambia hauende. Nikabaambia ulikatala kudanganya Muzungu juu ya kipande ya kioo. Bakacheka."

Nikamwambia walikuwa na haki ya kucheka.

"Na mie nilicheka. Alafu nikabauliza kama bwana yabo kuna siku alikatala kitu."

Nikauliza walijibu nini. Akasema waliacha kucheka, wakampimia samaki. Akaniwekea kichwa cha samaki, kipande cha heshima, kwenye sahani, na mimi nikala.