Siku Moja Tu Niliyotaka Iondoke

Landhi za Reli, Nakuru
Agosti 1956

Dada yangu Achola,

Pokea salamu nyingi kutoka huku kwenye baridi. Mvua haijapumzika, na mahindi kutoka Bahati yamejaa sokoni. Ile sabuni uliyoomba nitampa shemeji yako akija huko likizo.

Dada, kuna fundi wa gramafoni hapa Bondeni. Ana mashine yenye pembe kubwa. Unaiambia jambo lililokupata, fundi analifuta, na linakuwa halikutokea kamwe. Aliniambia, "Mama, sema tu kile unachotaka kiondoke."

Nilitaka iondoke siku ile ya homa iliyomuua Odero wangu. Lakini nilipofungua mdomo nikaanza kumlilia jinsi tunavyolia matanga kwetu: kuzaliwa kwake, jina alilopewa, meno yake ya kwanza, mpaka kaburini. Fundi akafuta yote.

Kaburi halipo. Shati lake halipo. Shemeji yako anarudi kutoka kazini akipiga mluzi, ananiuliza tutapata mtoto lini. Majirani wananiita Eucabeth, kama msichana aliyeolewa jana. Nilimrudia fundi, akasema mashine haijui kurudisha.

Wewe ndiwe uliyempokea mikononi alipozaliwa. Mbona barua yako ya juzi inanipa pole kwa kukosa mtoto?

Usinijibu kitu kingine. Andika tu jina langu juu ya bahasha, lile uliloniita wewe wa kwanza, asubuhi ile.

Ni mimi mdogo wako,
Mama Odero