Shairi la Mama Weris na Jina Juu ya Mlango

Nyumba za Walimu,
Hadado, Wajir.
22 Septemba 2024

Mpendwa Dada Caro,

Pokea salamu zangu kutoka huku kwenye mchanga. U hali gani huko Masasi? Mgongo wa Baba Makena umepata nafuu? Na Makena mwenyewe bado anakataa mihogo, au Masasi imeshamtia adabu? Mimi sijambo kabisa, namshukuru Mungu. Kile kikohozi cha vumbi kilichonisumbua mwezi wa saba kimekwisha, na maziwa ya ngamia yameninenepesha kidogo. Usicheke.

Ulisema umechoka na ujumbe wa simu, nikuandikie kwa karatasi kama Baba alivyokuwa akitulazimisha, yeye na ile penseli yake ya kutusahihisha. Basi hii hapa. Mwalimu mwenzangu anateremka Garissa kesho, ataitia posta.

Joto la huku silielezi, utadhani nalalamika. Mvua inangojewa mwezi ujao. Maji ya shule yanatosha, na wanafunzi wangu wa kidato cha tatu wananipenda siku za Ijumaa tu, kwa sababu hakuna kipindi cha Fasihi.

Sasa nikueleze habari yenyewe. Unaikumbuka ile tasnifu yangu ya uzamili, ambayo kila ukinipigia unaniuliza itaisha lini? Inahusu uanaume katika ushairi simulizi wa wafugaji: mwanamume anavyosawiriwa, anavyotakiwa asimame, anavyotakiwa anyamaze. Nilitakiwa niiwasilishe mwisho wa mwezi huu, nihitimu Desemba. Sura ya tatu msimamizi wangu alikuwa ameisifu sana. Ndiyo sura iliyonivua nguo.

Sura hiyo nzima ilisimama juu ya shairi moja. Mwaka jana nilimfuata Mzee Jelle, mlinzi wa geti letu. Ni mtu mrefu, mkimya, mwenye ngamia wake mwenyewe na henna kwenye ndevu. Nilimuuliza kama anajua shairi la kisimani. Akasema anajua. Tukakaa kwenye kivuli cha jiko la shule, nikawasha simu nirekodi, naye akaghani kwa Kisomali, uso mkavu kabisa. Wapishi walikuwa dirishani wakicheka, shungi mdomoni. Nilidhani wananicheka mimi. Vijana wa kidato cha nne wakanitafsiria neno kwa neno. Mistari yake minne ni hii:

Nilifika kisimani na ngamia kumi na mmoja,
wakaniuliza, yuko wapi mwenye mali?
Sikulia, machozi ni maji, na maji ni ya ngamia.
Nilikaza kifua, nikatema mate mbali.

Dada, nilisisimka! Nikaandika kwamba huyu ndiye mwanamume wa nchi kavu, asiyeruhusiwa hata chozi. Nikaandika kwamba "mwenye mali" ni Mungu, na kwamba kisima ni mahali pa kuhojiwa kwa nafsi. Kurasa mbili nzima juu ya Mungu peke yake. Na sikufichi, nilipokuwa nikiandika nilikuwa nikimwona Baba siku tuliyomzika Mama, amesimama na kofia mkononi bila kupepesa macho. Nilijiona nimempata Baba mle.

Muhula huu nikaliingiza shairi hilo darasani. Swali likawa: Jadili taswira ya mwanamume katika shairi hili, alama ishirini. Wote wakajadili vizuri, kwa maneno yangu mwenyewe niliyowapa. Isipokuwa msichana mmoja anaitwa Idman, mtaratibu, hukaa mstari wa nyuma. Yeye aliandika kwamba swali limekosea. Hakuna mwanamume anayesema humu, aliandika, huyu ni mama anawacheka wanaume. Nikampa nne. Na kwa kalamu nyekundu nikamwandikia: Usibishane na swali.

Hakubishana. Kesho yake alikuja ofisi ya walimu na simu ya kaka yake, akaiweka juu ya meza yangu. Ilikuwa video ya arusi ya binamu yake. Katikati ya kina mama wanaopiga makofi alisimama mama mmoja mnene wa miwani, anaghani shairi langu. Lilelile, Caro. Alipofika kwenye kukaza kifua, alikikaza. Alipofika kwenye kutema mate, akatembea kama mbuni dume, na kina mama wakaanguka kwa kicheko na vigelegele. Idman akanieleza kwa upole, kama mtu anayemweleza mgonjwa, kwamba hii ni buraanbur, mashairi ya kina mama, yana mapigo yake, na mtoto yeyote wa hapa huyatambua kabla hata maneno hayajaisha. Vijana walionitafsiria walidhani najua.

Nilitoka mbio hadi getini. Nikamuuliza Mzee Jelle kwa nini hakuniambia shairi si lake. Alinitazama kwa huruma, akasema:

"Mwalimu, wewe hukuuliza nani ametunga. Wewe uliuliza nani anajua. Mimi najua."

Yule mama wa miwani ni mkewe. Anaitwa Weris.

Nitakuambia ukweli wangu wote, maana wewe unanijua. Siku tatu nilifikiria kunyamaza. Chuoni hakuna wa kunishika, msimamizi wangu hajui hata neno moja la Kisomali. Ningehitimu Desemba, nikapanda daraja kazini, na Mama Weris angeendelea kuwachekesha watu arusini bila kudhurika. Lakini kila nikiingia darasani, Idman alikuwa ameinamisha kichwa kwenye daftari, na nilijua daftari hilo lina nne yangu.

Siku ya nne nilimwomba Idman na mama yake wanifikishe kwa Mama Weris. Nilikaribishwa mkekani, nikamiminiwa chai ya maziwa yenye iliki mpaka nikashindwa. Idman akatafsiri. Mama Weris alisimulia kwamba mwaka alipolitunga shairi hilo Mzee Jelle alikanyagwa na ngamia, akavunjika mguu, wana wao walikuwa bado wadogo, ikabidi yeye awapeleke ngamia kisimani mwenyewe. Ngamia huku ni kazi ya wanaume. Mwanamke ana mbuzi na nyumba yake. Wanaume wa kisimani wakamzunguka wakimuuliza mumewe yuko wapi. Huyo ndiye "mwenye mali", Dada. Si Mungu, ni Jelle, amelala nyumbani na mguu wake! Naye njia nzima alikuwa amelia, mwanamke wa watu, lakini pale akanyanyua kidevu na kuwaigiza wao wenyewe: kifua, mate, na kile kiburi cha kutolia. Ngamia wakanywa.

Nikamuuliza Mzee Jelle, aliyekuwa pembeni akiyachochea makaa, kama haoni haya kughani shairi la kina mama mbele za watu. Alishangaa swali. Alisema siku alipoletewa shairi hilo kitandani alicheka mpaka mguu ukamuuma, na tangu siku hiyo akaliweka moyoni. Ndiyo hayo tu. Mwanamume mzima, ndevu za henna, anatembea na maneno ya mkewe miaka ishirini, na mimi nikamgeuza kuwa jiwe katika sura ya tatu.

Mama Weris akataka kusikia nilichoandika. Idman akamtafsiria zile kurasa mbili za Mungu. Alicheka mpaka akavua miwani akaipangusa. Kisha akaniuliza swali la kawaida kabisa, la mgeni na mwenyeji. Huku, alisema, nyumba ni ya mwanamke. Ndiye anayesuka mikeka yake, ndiye anayeisimamisha na kuihamisha. Akaniuliza:

"Kwenu nyumba inajengwa na nani?"

Nikajibu harakaharaka, na mwanamume. Jibu lilipotoka tu, nikakiweka kikombe mkekani. Niliuona mlango wa nyumba ya Baba kule Mikinduri.

Kabla sijafika huko nikumalizie ya kazi. Nimemwandikia msimamizi kila kitu. Amesema Desemba niisahau, sura niiandike upya, na nianze na wale wapishi wa dirishani. Darasani nimesimama nikaomba radhi kwa Idman mbele ya wote, nikambadilishia nne ikawa kumi na nane. Mbili nimezikata kwa hati mbaya, bado mimi ni mwalimu. Alitabasamu, na siku hizi ananyoosha mkono hata kabla sijamaliza kuuliza. Moyo wangu umetulia, kuliko nilipokuwa nikisifiwa.

Sasa ule mlango. Juu yake fundi aliandika kwenye saruji mbichi: KINOTI 2017. Wewe ndiye uliyeuza cherehani yako tukapata mabati. Wewe ndiye uliyekaa miezi miwili ukiwapikia mafundi na kubeba mchanga, Makena mgongoni. Mimi nilifika siku ya mwisho na boksi la misumari, fundi akauliza aandike jina gani, nikasema langu. Hata sikufikiri. Na tulipomzika Baba nilisoma wasifu niliouandika mwenyewe, kwamba mwanawe wa kiume alimjengea nyumba. Watu wakanipigia makofi. Ulikuwa umekaa na kina mama upande wa kushoto, umevaa kile kitambaa cha zambarau, ukanitazama na hukusema kitu. Ningekuwa nimeliandikia tasnifu hilo, ningeliita unyamavu wa kike.

Nisamehe, Caro. Nimezungumza na fundi kwa simu. Nikipanda Mikinduri Desemba, kwa kuwa sina tena mahafali ya kwenda, ataugonga ule mstari auondoe na kuandika CAROLINE. Najua utasema niache, si kitu, ni saruji tu. Usiniambie niache.

Msalimie sana Baba Makena, Makena, na kitinda mimba Mwiti ambaye sijamshika bado. Shangazi Zilpah ukimpigia, mwambie nimeoga na ninakula. Mama Weris amekutumia iliki. Amesema ni ya mwenye nyumba, atajua mwenyewe ni nani. Mungu awalinde katika kulala na kuamka kwenu, na njia ya kwenda na kurudi awafungulie.

Mimi ndugu yako nikupendaye, aliyeleta misumari,

Kinoti