Mdanzi wa Upande wa Kushoto

Nabeul, 2 Machi

Mwanangu Dorsaf,

Pokea salamu za mtu ambaye akikohoa, nusu ya kuta za Nabeul hutikisika, kwa kuwa ni yeye aliyezijenga, na nusu ya pili husubiri zamu. Juzi mkubwa mmoja wa baraza la mji alipita kahawani, akawaacha watu wake wamesimama juani, akaja kuniuliza mimi kama jengo lao linafaa kuongezwa ghorofa. Nikamwambia anywe kahawa kwanza.

U hali gani? Kile kifua kimepona baridi ya Tunis? Sisi hapa wazima, mkazamjomba wako Wassila anakusalimu. Goti langu tu ndilo linalosumbua, ingawa daktari amekiri hajapata kuona goti lenye nguvu namna hii likiuma.

Sasa sikiliza. Mpimaji wa ardhi ameleta ramani ya nyumba ya babu yako. Ukuta utapita katikati ya ua, upande mmoja wako, mmoja wangu, kila mtu na mlango wake, ili ukitaka kurudi kukaa nyumbani usimwombe mtu ruhusa. Sheria inampa dada theluthi na kaka theluthi mbili. Mimi nimekataa. Marehemu mama yako, Manubia, alikuwa dada yangu wa pekee, na binti yake atapata nusu kwa nusu. Tena si nusu ya kutupiwa. Ni upande wa kushoto, wenye kisima na ule mdanzi wa machungwa machungu alioupanda mama yako mwaka uliozaliwa wewe. Mimi nabaki na jiko la zamani na chumba cha ngano, giza na panya, na sina kinyongo.

Ramani nimeikagua mstari kwa mstari, naisoma kama wewe unavyosoma Alhamdu. Karatasi ya kukubali itakufikia Alhamisi. Tia saini, irudishe. Nataka ukuta uanze kabla maua ya mdanzi hayajafunguka, vumbi lisije likayaharibu.

Na mwambie yule bibi wa ndani ya simu anayekusomea barua zangu asizitie chumvi. Simwamini. Mwanamke anayesoma barua za watu bila hata kuvuta pumzi ana jambo lake.

Mjomba wako,
Khemais


Tunis, 5 Machi

Mjomba wangu,

Shikamoo, na busu la kichwani juu yake. Kifua kimepona. Pole ya goti. Mwambie mkazamjomba alikande kwa mafuta ya zeituni, na wewe umwache alikande.

Karatasi imefika. Kabla sijatia saini nakuomba kitu kimoja: piga picha ile ramani kwa simu, unitumie.

Najua utauliza, picha ya nini kwa mtu asiyeona? Nilikwambia kazini kwetu kuna ubao, mpana kama sinia ya kuskusi, uliojaa pini elfu kadhaa. Ukiupelekea picha, pini zinapanda na kushuka mpaka picha yenyewe inasimama chini ya vidole. Ukuta unakuwa ukingo, chumba kinakuwa shimo. Na ukigusa kitu, sikioni unasikia ni kitu gani: mlango unalia kama komeo, kisima kinadondosha tone. Maandishi yanageuka nukta nundu. Mimi ndiye ninayewaambia wahandisi wapi wamekosea. Mhandisi Nizar anasema nina vidole vya mpelelezi.

Si kwamba sikuamini. Ila mara ya mwisho kusomewa karatasi nikaitia saini, nilikuwa na miaka kumi na tisa. Karani mmoja aliniambia ni ya likizo, kumbe nimekubali kusimamisha masomo mwaka mzima. Tangu siku ile nimeapa sisaini kitu ambacho vidole vyangu havijakipita.

Harufu tu ndiyo bado hatujaweza kuitia kwenye ubao. Hiyo naisubiri kutoka kwako: chupa ya kwanza ya maji ya maua ya mdanzi, kama kila mwaka.

Mpwa wako,
Dorsaf


Nabeul, 9 Machi

Mwanangu Dorsaf,

Salamu baada ya salamu. Goti limekandwa, na sasa linauma pande zote mbili. Barua yako nimeisoma mara tatu, na mara zote tatu kahawa ikapoa.

Nani ametengeneza huo ubao? Nani anausikiliza ukiwa unausikiliza wewe? Huyo Nizar ni mtoto wa nani, na ramani ya nyumba ya watu anaitakia nini? Mwizi wa siku hizi haruki ukuta, mwanangu. Anaomba picha yake kwanza, tena kwa adabu.

Mimi ramani hazinibabaishi. Nilipokuwa najenga ile hoteli ya Hammamet, karibu peke yangu, mhandisi wa Kitaliano aliniletea ramani yake kubwa kama shuka la harusi. Nikaitupia jicho moja tu. Nikamwambia, ngazi zako hizi zitawateremsha wageni baharini na masanduku yao. Mtaliano akalia machozi mbele ya vibarua wote. Akanivulia kofia.

Na tangu lini umeanza kutafuta macho mengine? Macho yako si mimi? Nani alikueleza picha ya harusi ya mama yako, wale ngamia wawili na bendi ya jeshi iliyopita mtaani ikasimama kupiga? Basi nakueleza na ramani hii. Ukiingia kwa mlango wa barabarani, mkono wa kushoto kuna kisima, kisha mdanzi. Kushoto kote ni kwako. Imeandikwa, nimeona kwa macho yangu, imekwisha.

Picha siwezi kutuma. Kamera ya simu yangu haijisikii vizuri.

Mjomba wako,
Khemais


Tunis, 18 Machi

Mjomba,

Salamu. Natumaini goti lina nafuu.

Ramani nimeipata. Wassila aliipiga picha ulipokuwa kahawani. Usimgombeze, nilimwomba mimi, na nilimwomba mara mbili.

Niliiweka kwenye ubao asubuhi ya Jumatatu. Nilianza kwa kutafuta mlango wa barabarani, kwa sababu nyumba huingiwa mlangoni, ndivyo tulivyofundishwa. Nikasikia komeo. Nikapita kipenuni, nikatokea uani, nikageuka kushoto. Tone la maji: kisima. Hatua ya kidole kimoja mbele, duara dogo na mlio wa majani: mdanzi. Mjomba, nililia pale pale kazini. Tangu mama afariki sijawahi kuingia nyumba ile peke yangu, bila mtu kunishika mkono.

Kisha nikatafuta jina. Kando ya mdanzi pameandikwa Khemais. Jina langu nimelikuta ng'ambo, kwenye jiko na chumba cha ngano.

Nikamwambia Nizar mashine yake imekosea. Akaizima, akaiwasha, akaipakia picha upya. Nikapita tena. Khemais.

"Dada Dorsaf," akasema, "mashine haimjui mjomba wako. Haina sababu ya kumsingizia."

Sasa naelewa kwa nini kamera ilikuwa mgonjwa. Naelewa na ule ukarimu wa nusu kwa nusu. Mtu akikupa zaidi ya haki yako, mtazame mkono wa pili umeshika nini. Nusu yenye panya ulinipa mimi, ukaniambia ni nusu yenye maua, kwa sababu nani angeniambia vinginevyo? Nimebaki najiuliza hata kama wale ngamia walikuwapo.

Sitasaini. Namtafuta wakili.

Dorsaf


Nabeul, 20 Machi

Dorsaf,

Salamu ni za Mungu, kwa hiyo nazitoa.

Wassila sizungumzi naye, isipokuwa wakati wa chakula.

Miaka hamsini na minne naishi, sijaitwa mwizi, na anayeniita leo ni pini. Mimi nilimwambia mpimaji kwa kinywa changu, kushoto ni kwa Dorsaf. Akaandika mbele yangu, akanionyesha, nikatikisa kichwa kukubali. Kushoto ni kushoto, hapa na huko Tunis na hata kwa Wataliano. Kama ubao wako unasema kushoto ni kulia, basi ubao umelishwa kitu. Nimewauliza wazee wa kahawani. Mansur muuza vyungu anasema kijana wa mashine akiona binti mwenye nusu nyumba, kwanza humgombanisha na mjombake, halafu huleta posa. Mansur ana mabinti watano, anajua.

Mdanzi niuibe wa nini? Maua yake hunipigisha chafya mpaka mwezi wa Mei. Kila mwaka huyachuma na kuyakeneka kwa mvuke, kitambaa puani, na ile chupa ya kwanza sijapata kuinusa, naiziba na kuileta kwako. Muulize bibi wa ndani ya simu, labda anajua mwizi wa namna hiyo.

Ukienda kwa wakili, kumbuka ni mlango wa mama yako unaoutolea hati ya mahakama.

Khemais


Tunis, 27 Machi

Mjomba,

Shikamoo. Sijambo, na wewe natumaini hujambo.

Barua yako niliisikiliza kwa hasira, kisha nikaisikiliza tena. Kuna sentensi moja imenikaa kama kokoto kiatuni: mpimaji alikuonyesha, nawe ukatikisa kichwa kukubali. Mwizi hasimulii hivyo. Mwizi angesema mpimaji alikosea.

Wassila ameniambia umesitisha kazi ya ukuta, na kwamba ramani unaichukua kila siku unakwenda nayo uani. Sijui unapanga nini. Siwezi kusema sina shaka. Ninayo, imejaa kifuani. Lakini nina swali moja, na kwa jibu lake nitajua wewe ni mwizi au ni kitu kingine.

Shika ramani mbele yako, maandishi yakiwa wima. Mlango wa barabarani uko juu ya karatasi au chini?

Neno moja tu, Mjomba. Usinijibu kwa Hammamet. Wakili amenipa miadi tarehe kumi ya mwezi ujao.

Mpwa wako,
Dorsaf


Nabeul, 8 Aprili

Mwanangu Dorsaf,

Salamu nyingi, na samahani ya kuchelewa. Goti halina neno. Mwaka huu maua yamefunguka mengi mpaka nyuki wa Kelibia wamehamia kwetu, wamekuja kwa makundi, wengine na watoto wao. Hilo ni kweli, au karibu na kweli.

Swali lako lilifika nikiwa nakula. Nilikwenda kuichukua ramani nikujibu mara moja, kwa neno moja, nikuaibishe. Nikaitandika uani, nikaiwekea mawe manne pembeni, nikaanza kuizunguka. Nikaizunguka siku hiyo, na kesho yake, na wiki nzima. Wassila akachungulia jikoni. Mazungumzo hatukuwa nayo bado, lakini hilo lilimshinda.

"Khemais, unaizunguka kama jogoo aliyeona kioo."

Nikamwambia napima upepo.

Mwishoni nikaenda kwa mpimaji. Nikamwambia nina jamaa yangu, si mtu wa ujenzi, anauliza mlango uko wapi kwenye ramani kama hizi. Mpimaji ni kijana mstaarabu. Hakuuliza jamaa gani. Akaweka kidole juu kabisa ya karatasi. Akasema barabara ya kwenu iko kaskazini, na kaskazini huchorwa juu, kwa hiyo mtu huingia nyumba hiyo akishuka kutoka juu ya karatasi. Ukishuka, kushoto kwako ni kulia kwa karatasi. Kisha akanitazama.

"Sasa fundi, siku ile uliposema kushoto, ulisema kushoto kwa karatasi au kwa mtu anayeingia?"

Dorsaf, katika maisha yangu nimesema kushoto mara elfu, na kila mara nilikuwa nimesimama mlangoni. Mtu gani huingia nyumba kwa karatasi?

Amebadilisha majina, amepiga muhuri mpya. Picha ya ramani nimeiambatisha hapa, nimeipiga mwenyewe, kamera imepona ghafla. Iguse kabla ya kusaini. Usichukue neno langu, wala la Mansur, wala la huyo Nizar, ambaye bado namwangalia. Ukimkuta Khemais kando ya mdanzi tena, nenda kwa wakili, nami nitakupa nauli.

Chupa ya kwanza nimempa binti wa Mansur anayesoma huko, atakuletea Ijumaa. Mwaka huu niliinusa kabla ya kuziba. Nimepiga chafya kumi na saba. Mama yako alikuwa akisema kweli, inanukia vizuri.

Ngamia walikuwapo. Hilo siliachii hata kidogo.

Lakini yule Mtaliano wa Hammamet hakulia. Alicheka mpaka machozi yakamtoka, na vibarua wote wakacheka naye. Kisha akachukua ile ramani mikononi mwangu, akaigeuza, akanirudishia.

Mjomba wako,
Khemais