Nafasi ya Zaituni Haikubaki Wazi

Babu Martin,

Neno "mpendwa" niliandika nikalikata, kisha nikachukua karatasi nyingine ili usione hata alama yake. Ulitufundisha kusema kweli hata pale inapotuaibisha, kwa hiyo naanza na kweli. Nimekukasirikia. Hasira hii ninayo tangu Jumatatu, siku ambayo mwenzangu niliyemaliza naye shule alinionyesha kwenye simu yake ukurasa wa kanisa lako huko Marekani.

Nilikuta picha ya mikono yangu. Sura hukuionyesha, lakini ile bangili ya shanga naijua, na karanga nilizokuwa nikizimenya zilikuwa za shangazi yangu wa Pajulu, kando ya Arua. Chini yake umeandika kwamba huku Arua kuna msichana mwenye haya, hata salamu huitikia kwa shida, ambaye baada ya kusikia habari zako alimzuia dada yake asiingie jeshini. Umeandika kwamba bunduki moja imepungua duniani. Watu wenu wameweka mioyo myekundu mingi hapo chini. Mmoja ameomba Mungu anibariki.

Najibu hadharani, kwa picha ya karatasi hii kwenye ukurasa uleule, kwa kuwa wewe ulianza hadharani. Najibu kwa Kiswahili kwa kuwa ndicho tulichokuwa tukizungumza, wewe na kile chako cha Kongo, mimi na cha kwetu Koboko kilichotoka kambini kwa askari, na kwa kuwa nataka watu wa kwetu nao wasome. Kwa mdomo nisingeweza. Unanijua.

Kesho kutwa jeshi linaandikisha tena Koboko. Zaituni anataka kwenda, na ameniomba mimi nimjazie fomu. Iko hapa mezani karibu na karatasi hii. Sijaijaza bado.

Unakumbuka siku ya kwanza nilipokuja kwako? Nilikuwa kidato cha tatu, nakaa kwa shangazi kwa ajili ya shule. Nilisikia kwamba mzee mmoja mzungu anakaribisha wanafunzi wasome vitabu vyake kila Alhamisi baada ya masomo. Nilisimama nje ya geti mpaka askari wako akanionea huruma. Aliweka bunduki yake ukutani, akanifungulia, akasema, "Ingia, mama, hapana ogopa, huyu mzee hapana uma." Leo naikumbuka ile bunduki. Miaka yote ile ulitufundisha amani nyuma ya geti lenye bunduki. Nilipokuuliza siku moja, ulisema ni ya mwenye nyumba.

Ndani kulikuwa na mkeka. Kabla ya kusoma, ulitutaka tukae kimya dakika kumi, wote, bila kuomba kwa sauti na bila kuimba. Wenzangu walijikuna na kucheka chinichini. Mimi nilitaka kulia. Tangu utoto nimeambiwa sema, fungua mdomo, kwani ulimi umekatwa? Zaituni mwenyewe husema sauti yangu ni kama ya panya ndani ya gunia. Kwako kunyamaza hakukuwa kosa. Kwako nilikuwa hodari wa jambo moja. Ndiyo maana nilikuamini upesi hivyo, Babu, na ulipaswa kulijua hilo.

Kisha ulitusimulia mambo ya kwenu. Babu yako alikataa vita ya kwanza, na majirani wakampaka rangi ya njano mlango wa ghala lake ili kila mpita njia ajue hapo anakaa mwoga. Baba yako alikataa ya pili, akapelekwa kuwaogesha wagonjwa wa akili hospitalini. Ulitusimulia vijana waliozima moto wa misituni badala ya kupigana, wengine waliokubali madaktari wawashindishe njaa kwa miezi ili ijulikane namna ya kuwalisha waliosalimika vitani. Ilipofika zamu yako, vita ikiwa Vietnam, wenzako walichoma kadi zao za kuitwa jeshini mbele ya polisi, na akina mama walisukuma vigari vya watoto barabarani wakipinga. Wewe hukuchoma chochote. Ulikwenda mbele ya wazee wa mji wenu ukasema dhamiri yako haikuruhusu, wakakupa miaka miwili ya kazi hospitalini Kongo.

Alhamisi moja ulitupangia meza, ukawaweka watano nyuma yake wawe wale wazee. Wengine tuliitwa mmoja mmoja kuulizwa swali uliloulizwa wewe: mtu akimvamia dada yako, utafanya nini? Zamu yangu ilipofika nilisimama mpaka wenzangu wakaanza kupiga miayo. Mwishowe nikasema, "Nitasimama katikati."

Uliinuka kitini. Ulisema miaka hamsini umelisikia swali lile na hujapata jibu kama hilo. Nilitembea kurudi kwa shangazi na sikuhisi kama nakanyaga chini.

Basi nikaenda kusimama katikati.

Likizo ile jeshi lilikuwa linaandikisha, na Zaituni alikuwa tayari. Alikwisha kumaliza kidato cha nne. Kila asubuhi alikimbia njia ya mpakani na kurudi akiwa amevaa raba za turubai, na wanawake waliobeba kuni walimpisha wakimtania, "Askari, nani nakufukuza?" Alikuwa na meno yote, hakuwa na kovu, kama jeshi linavyotaka. Baba yetu alifariki tukiwa wadogo, babu yetu alikuwa askari wa serikali ile ya wanajeshi iliyoanguka kabla hatujazaliwa, na kwa Bibi, aliyetulea, hakukuwa na kazi nyingine ya maana iliyowahi kupita mlangoni. Kwenu kijana alivutwa jeshini akakataa. Kwetu mia mbili wanakimbia kuzunguka uwanja ili wachukuliwe kumi. Mimi nilikuwa nimekaa kwenye mkeka wako muda mrefu sana, tofauti hiyo sikuiona.

Kwa kuwa siwezi kusema, nilimwandikia barua. Kurasa tatu. Nilimwekea rangi ya njano, moto wa misitu, vigari vya watoto, kila kitu. Niliandika kwamba akichukua bunduki, siku moja ataielekeza kwa dada ya mtu mwingine. Nilimwekea chini ya mto wake, nikajificha jikoni.

Alinifuata huko na barua mkononi.

"Hii maneno nani alikupa?"

"Ni yangu."

"Yako hapana. Wewe najua Vietnam iko wapi?" Kisha akachuchumaa mbele yangu. "Niangalie. Wewe naamini hii?"

"Naamini."

Mimi sikuwahi kumwomba kitu maishani, Babu. Nadhani ndiyo sababu alinipa hicho. Alifungua kamba za raba zake, akazivua, na siku ya uandikishaji alikaa uani akipepeta mtama. Tulisikia filimbi kutoka uwanjani.

Ulikuja Koboko baada ya wiki mbili, na biskuti, kumpongeza. Ulimshika mkono kwa mikono yako miwili. Zaituni alitabasamu kwa adabu kisha akaenda kuteka maji, hakurudi mpaka ulipokuwa unaaga. Ukabaki na Bibi. Ulimweleza yote, na alikusikiliza vizuri mpaka ulipofika kwa wale vijana walioshinda njaa.

"Ngoja," alisema. "Chakula ilikuwa iko?"

"Ilikuwa iko, mama. Walikubali tu."

"Iko, na wao hapana kula, alafu nakuja kuandikwa kwa kitabu." Alicheka mpaka akajifuta macho kwa ncha ya leso. "Mimi nilikimbia kwenda Kongo na watoto mbili mgongoni. Nilikula mizizi. Nani aliniandika?"

Nawe ulicheka. Nilifurahi kuona mnacheka. Kisha akakuuliza bila kubadilisha sauti, "Hiyo vita ya kwenu ilikosa mutu moja. Wewe. Sasa nani alienda mahali yako?"

Ulishika kikombe.

"Kijana moja tulisoma pamoja," ulisema mwishowe. "Walikuwa lazima wapate idadi yao."

"Alirudi?"

Ulitazama ndani ya kikombe. Bibi alikungoja, kisha akasema, "Kunywa chai, itapoa," akakuongezea sukari ingawa ulikwisha kuweka. Njiani ukiniaga uliniambia bibi yangu ni mkali. Miaka mitatu ya Alhamisi ulikuwa umetusimulia kila aliyekataa, na huyo mmoja aliyekwenda hukuwahi kumtaja. Hata jina lake silijui.

Mimi nitakutajia wa kwangu. Anaitwa Rukia, binti wa jirani yetu, nyumba ya pili kutoka kwetu. Hakuwa na mbio za Zaituni wala urefu wake. Alichukuliwa siku ile, na watu wanasema alikuwa wa mwisho kuchukuliwa. Mama yake sasa ana nyumba ya mabati, na kila anaposikia redioni habari ya Somalia, alikopelekwa binti yake, huinuka akaenda kukaa nje. Kwa hiyo bunduki uliyoandika kwamba imepungua duniani iko mikononi mwa Rukia. Nafasi ya Zaituni haikubaki wazi. Uliyajua hayo kabla yangu, maana yalikwisha kukutokea.

Na Zaituni? Tangu siku ile anabeba magunia ya muhogo sokoni, ya wafanyabiashara wanaovuka mpaka. Ada ya mwaka wangu wa mwisho ilitoka mgongoni kwake. Mwaka huu mgongo huo ulimlaza siku tisa, na mimi nilikuwa nikimgeuza kitandani kama mtoto. Hajawahi kunilaumu. Mara moja tu, nilipokuwa namkanda kwa maji ya moto, alisema, "Mwalimu mdogo, hii ndiyo amani?" Alisema kwa utani. Nilitoka nje.

Wewe ulipokataa, ulipewa kazi nyingine. Ulilishwa, ukalazwa, na baada ya miaka miwili ulirudi kwenu ukakuta shamba la baba yako lipo. Sisemi ilikuwa rahisi. Rangi ya njano si kitu cha kuchekesha. Lakini kukataa kwako kulikuwa na mahali pa kukupeleka. Zaituni alipokataa hakuna mzee yeyote aliyekaa mezani kumuuliza dhamiri yake, na hakuna aliyempa kazi ya hospitali. Hata wewe hukumpa. Ulimpa biskuti. Halafu moyo wako ulipoanza kusumbua ukaenda kwenu kutibiwa, ukatuachia vitabu, ukachukua habari yetu.

Uifute, Babu. Sikuombi. Kama unataka kuwaambia watu wako habari ya nyumba yetu, waambie yote, na umtaje yule mliyesoma pamoja.

Sasa niseme kinachoniudhi kuliko vyote. Bado naamini. Nimejaribu kuacha, nimeshindwa. Nikimwona askari barabarani natazama mkono wake kabla ya uso wake. Bado nikiwa peke yangu nakaa zile dakika kumi. Ungekuwa mwongo ningekuwa nimekwisha kukusahau, lakini hukudanganya. Ulisema kweli nusu, kwa msichana aliyekuwa na njaa ya kusikilizwa, na nusu ile imeota ndani yangu, siwezi kuing'oa. Mtu wa kulipa akawa mwingine.

Niliacha kuandika hapo, kwa sababu Zaituni alirudi kutoka sokoni. Ilikuwa saa nane mchana, bado alikuwa na unga wa muhogo kwenye nyusi. Alinawa, akavuta kigoda, akaitazama fomu.

"Bado?"

Nikatikisa kichwa.

"Umri wangu ya jeshi naisha mwaka hii. Unajua."

"Najua."

"Wewe ndio uliniandikia nisiende," alisema. "Sasa niandikie niende. Mimi hapana taka kwenda na wewe umenuna."

"Na wakikupeleka kupigana?"

"Watanipeleka. Unafikiri naenda kufagia?" Alinisukuma bega kidogo. "Hiyo swali ya mzungu wako, ya kuvamia dada. Mimi sikuulizwa. Mimi ningejibu haraka kuliko wewe."

Sikumuuliza angejibu nini. Nilichukua kalamu. Niliandika jina lake, kijiji, kidato alichofika, urefu, jina la mwenyekiti wa kijiji aliyempa barua ya utambulisho. Mwandiko wangu ni mzuri, wewe mwenyewe ulisema. Aliinama juu ya bega langu akisoma kila neno, na mgongo wake ukamfanya agune mara moja, tukajifanya hatukusikia.

Mstari wa mwisho unataka jina la mtu wa karibu, atakayepewa habari ikiwa lolote litampata.

"Weka Bibi?" niliuliza.

"Bibi hapana. Bibi amepokea habari mingi." Alijikausha mikono kwenye sketi. "Andika wewe."

Nikaandika jina langu.

Upone moyo, Babu Martin. Hilo nakuombea kwa kweli, ingawa nilikusudia kulifuta katika barua hii.

Ni mimi,
mdogo wake Zaituni