Alama Nyekundu Nilizozizima

Same,
Jumapili, baada ya ibada

Mjomba Loth mpendwa,

Shikamoo. Natumaini barua hii inakukuta mzima hapo Hedaru, na mgongo umepunguza kukusumbua. Mimi shuleni naendelea, ila usingizi ni wa shida. Simu bwenini haziruhusiwi, na hata zingeruhusiwa, kwa aibu yangu hii ungesikia kikohozi tu.

Mama alipokuja kunitembelea alisema umefunga banda lako la ufundi na pasi yako ya kulehemu umempa fundi Raymond. Eti uliwaambia watu wa Kihurio kwamba macho yamekwisha, ni wewe uliyegusanisha risasi ya kulehemu, ndiyo maana bodi ya kuwasha na kuzima pampu yao iliungua, pampu haikuzima na maji yakazoa miche ya mpunga ya Bi Hedwiga.

Nakumbuka likizo ile tulipotengeneza bodi hiyo pamoja. Ulinionyesha karatasi zako za plastiki za zamani, ulizochora njia za umeme za bodi kwa kalamu ya wino, ukipuliza kila mstari ukauke. Ukanihadithia kompyuta ya kwanza pale kiwandani Arusha, skrini nyeusi, mnachora mstari mmoja mmoja huku mkigombania kiti. Nikakujibu kwamba programu za siku hizi zinapanga njia zote zenyewe. Ulicheka, ukaniita injinia wa kubonyeza, ukauliza ikikosea nani anaiambia. Nikasema haikosei.

Na kweli haikukosea, Mjomba. Ilinionya. Nilipoibana bodi ili ienee kwenye kile kiboksi chako, ziliwaka kwenye skrini alama nyekundu kati ya njia mbili, kwamba zimekaribiana mno. Nikasikia unakuja. Baada ya kujisifu vile niliona haya kukuuliza, nikazizima. Wewe ukainama kwenye skrini, ukasema ni safi kuliko zote ulizowahi kuchora. Nikabonyeza kuihifadhi hivyo hivyo.

Risasi yako haikugusana na kitu. Macho yako ni mazima. Bodi niliiunguza mimi, siku ile ile, kabla hujaishika.

Jumamosi nimeomba ruhusa, Mama atanipeleka Kihurio nikamwambie Bi Hedwiga mbele ya wakulima wenzake, hata kama nitaongea nikitazama chini. Raymond nimemwandikia akurudishie pasi. Ukikubali kufungua banda, nitapitia hapo na kompyuta ya shule. Alama nimeziwasha tena. Nitakuachia kiti, unionyeshe pa kusogeza.

Msalimie Bibi na wote hapo nyumbani.

Mpwa wako anayeona haya,
Ikupa