Siku Niliyozifungia Stoo Ngoma za Akina Mama

Jumapili, saa nne na nusu asubuhi, Miyuji. Jua kali, upepo wa kiasi, vumbi la kawaida. Moyo mweupe, ila uso bado una aibu kidogo.

Shajara yangu, leo sijaenda kanisani. Si kwamba naumwa. Mimi siumwi, mara ya mwisho nilikuwa darasa la tano, na hata homa ile iliondoka yenyewe ilipoona haniwezi. Nimebaki nyumbani kwa sababu nimepewa kazi. Niko uani kwenye kiti cha plastiki, nalinda ngoma saba zilizoanikwa juani. Kila baada ya muda nazigeuza. Mkono mmoja ngoma, mkono mwingine simu, ndiyo hivi naandika.

Kazi yenyewe nimepewa na mke wangu, Mama Nyemo. Kwa nini nimepewa, nitaeleza yote, maana blogu hii binti yangu Nyemo alinifungulia kwa sharti moja: "Baba, huku uandike ukweli." Nimejitahidi. Ile habari ya kiboko wa Mtera niliyemsimamisha kwa taa za lori ni kweli tupu. Anayebisha akamuulize kiboko.

Jana ilikuwa sherehe ya kumuaga Sechelela, binti wa dada yangu Loyce. Loyce alifiwa na mume Sechelela akiwa bado wa kubebwa mgongoni. Amemlea peke yake kwa kuuza samaki wa Mtera sokoni, na leo binti ni fundi umeme. Anapanda ngazi na bisibisi kiunoni, na nusu ya nyumba mpya za huku Miyuji zinawaka kwa mkono wake. Mchumba wake ni Deusi, kijana wa Kagera, karani wa ofisi moja huko Mtumba. Walijuana siku taa za ofisi zilipozimika. Binti akawasha taa, na Deusi naye akawaka.

Mimi ndiye mjomba. Kwetu Wagogo mjomba si mtu wa kuja kula pilau akaondoka. Shughuli ya binti haiendi bila neno lake. Nikapewa usemaji wa familia, nikaupokea kama naapishwa.

Sasa, mimi miaka kumi na minane nimeendesha lori kabla ya kufungua mashine ya kusaga kule Kizota. Hakuna kabila ambalo sijala kwao. Na mambo ya wanawake wa watu nimeyaona. Umasaini nimeona mama anajenga nyumba mwanzo mwisho, mume akirudi anaonyeshwa mlango uko upande gani. Moshi nimekutana na bibi mmoja aliyenisimamisha pembeni kama mwanafunzi huku akiwapanga vijana wapakie ndizi zake. Burundi nimeona ngoma kubwa kama mapipa, zinapigwa na wanaume peke yao, wanawake wanatazama kwa mbali.

Kwetu Dodoma ni kinyume. Ngoma ni za akina mama. Wanasimama mstari, kila mmoja kaibana yake mapajani, wanapiga huku wanaimba. Sisi wanaume tunaruka mbele yao na njuga miguuni. Utotoni nilidhani dunia nzima iko hivyo.

Hapo ndipo nilipoharibu.

Alhamisi nilimkumbuka dereva mwenzangu mmoja wa Kagera. Zamani sana, tukiwa kwenye foleni ya mizani, aliniambia kwamba kwao mwanamke hagusi ngoma. Nikaanza kuwaza. Wakwe wanakuja, watawakuta wake zetu na ngoma mapajani, watasema huyu binti katoka familia ya namna gani? Sikumuuliza mtu. Mtu aliyefika Lubumbashi amuulize nani?

Jana asubuhi, kikundi cha ngoma cha Mama Nyemo walikuwa wamezianika ngoma ukutani kwa Loyce. Walipoingia ndani kuvaa, nikazibeba zote saba, nikazifungia stoo, ufunguo mfukoni. Nikawaambia jamaa zangu wawili wakae tayari, Mzee Yohana fundi viatu na Chiduo ninayefanya naye kazi mashineni. Leo tutapiga wanaume.

Mama Nyemo akatoka amevaa shanga zake, kanga kiunoni. Akautazama ukuta mtupu. Nikamweleza kuhusu heshima ya wakwe.

"Loyce aliagwa na ngoma hizi," akasema. "Na mama yenu pia. Sechelela ataagwa na nini?"

"Na sisi."

Akanitazama. Akavua shanga, uzi mmoja mmoja, akaziweka kwenye sahani, akaenda jikoni kusonga ugali. Shajara, mke wangu akinigombeza mimi nalala usingizi mzuri kabisa. Akinyamaza ndipo naogopa. Loyce ndiye aliyesema, machozi yakimlengalenga: "Kaka, mtoto wangu unataka atoke humu kimyakimya kama mwizi?" Nikamwambia aniamini. Nikamkumbusha na Lubumbashi.

Wageni walifika saa saba, watu kumi na mmoja. Aliyewaongoza ni Shangazi Koku, mama wa makamo ya bibi, mrefu, kavaa gomesi la bluu, lile gauni refu la mabega yaliyochongoka. Ndiye aliyemlea Deusi. Alipovuka geti tu akatusalimia Kigogo, "Mbukwenyi!", kumbe alijifundisha ndani ya basi. Watu wakapiga vigelegele. Nikasema, hii ndiyo saa yangu.

Nikaenda kufungua stoo. Sasa, stoo ile ndiyo yenye mapipa ya maji, na pipa moja linavuja. Ngozi ya ngoma ikinyonya unyevu inalegea. Hilo mtoto yeyote wa Kigogo analijua. Msemaji wa familia alilisahau.

Tukapiga. Sauti iliyotoka sitaki hata kuiandika. Mzee Yohana ngoma ilimponyoka mapajani ikashuka mpaka kwenye vifundo vya miguu, akawa anaifuata huku kainama kama bata. Chiduo alikuwa anapiga kitu chake, nami changu. Bodaboda mmoja aliyeegesha nje ya ua akapaza sauti: "Wazee, hilo godoro mkimaliza kulikung'uta mniuzie!"

Watu walicheka. Hilo lisingeniuma, nimechekwa kwenye mikoa mingi. Kilichoniuma ni Sechelela. Alikuwa amesimama mlangoni na gauni lake, akingoja wimbo wa kumtoa nje. Hakucheka. Aliangalia chini tu, akishikashika ncha ya kanga aliyofunikwa mabegani.

Shangazi Koku akanyanyua mkono. "Baba, pumzikeni. Akina mama wako wapi?"

Nikamweleza, nikiwa bado nahema, kwamba tumefanya hivi kwa kuheshimu mila zao.

Akazitazama zile ngoma. Kisha akasema, "Nikiwa msichana niligusa ngoma ya baba yangu. Nilichapwa mpaka nikashindwa kukaa. Tangu siku hiyo ngoma nilikuwa naisikilizia nyuma ya migomba. Deusi aliponiambia kuna mahali wapigaji ni akina mama, nikasema basi la kwenda huko nitalipanda hata kama miguu inavimba. Mwanangu, nani amewaondoa?"

Uani wote wakanigeukia. Hata bodaboda.

Nikafungua mdomo. Nilikuwa na habari ya nyuki tayari. Nyuki wameingia kwenye ngoma, nyuki wakubwa, nikaokoa watoto. "Kulikuwa na..." nikaanza. Nikamwona Mama Nyemo mlangoni mwa jikoni, mwiko mkononi, ananisikiliza. Hakuwa na hasira usoni. Alikuwa amechoka. Alikuwa anangoja nyuki wangu kama mtu anayengoja mvua anayojua itamlowanisha.

"Ni mimi, mama," nikasema. "Nilizifungia mimi, na sikumuuliza mtu."

Na kwa kuwa mdomo ulikuwa umeshafunguka kwa upande huo, ukaendelea. Nikasema mbele ya wakwe, majirani na Mzee Yohana kwamba miaka yote nimewaambia watu ni mimi niliyemfundisha mke wangu ngoma. Si kweli. Nilimkuta anapiga. Ilikuwa kwenye harusi ya watu, nikacheza mbele yake mpaka kiatu kikapotea, nikarudi nyumbani na kimoja.

Nyumba nzima ikacheka, na safari hii Sechelela naye akacheka, huku anafuta jicho. "Mjomba," akasema, "kwa hiyo na kiboko je?"

Nikamwambia mambo ya kiboko tuyaache kwa leo.

Mama Nyemo akaweka mwiko chini. "Zileteni motoni," akasema, na wanawake saba wakainuka kwa pamoja. Wakawasha nyasi kavu, wakazipasha ngozi taratibu, wanagonga, wanasikiliza, wanapasha tena. Shangazi Koku akaichukua ile sahani ya shanga, akamvisha mke wangu mwenyewe, uzi mmoja mmoja.

Kisha wakapiga.

Siwezi kuandika sauti. Nina maneno mengi, lakini hilo limenishinda. Loyce alipiga na yeye, mama wa binti, na Sechelela akatoka mlangoni akicheza polepole kuelekea kwa watu waliokuja kumchukua. Sisi wanaume tukaruka. Mimi viatu nilivua mapema.

Walipopumzika, Shangazi Koku akaomba ngoma moja. Akaibana mapajani juu ya gomesi, akapiga mara moja. Akaacha. Akageuka kulia, akageuka kushoto, kama mtu anayetazama nani anakuja na fimbo.

Hakuna aliyekuja. Akapiga tena.

Wageni wanaondoka kesho alfajiri. Shangazi Koku ameomba afundishwe leo mchana, ndiyo maana ngoma ziko hapa na mimi nimewekwa mlinzi. Amekwenda kanisani na mke wangu, wameshikana mikono kama wasichana wa shule. Asubuhi, Mama Nyemo aliniwekea chai kwenye kikombe kikubwa, kile cha siku nzuri, akaniambia, "Usizigeuze kwa pupa, Baba Nyemo. Na usizipige." Tangu jana mchana ndiyo maneno ya kwanza kuniambia mimi peke yangu. Nimeyanywa pamoja na chai.

Nimekaa hapa nafikiri. Lori langu limenifikisha mbali, na wanawake wa makabila ya watu nawajua kwa kuwasimulia. Jikoni kwangu ni hatua kumi na nne kutoka hapa nilipokaa, nimezihesabu. Alhamisi ningetembea hizo hatua kumi na nne nikauliza swali moja tu, ningepungukiwa nini?

Nasikia sauti zao barabarani, wanarudi. Kicheko cha Shangazi Koku kimetangulia. Ngoma zimekaza vizuri, hasa ile ya Mama Nyemo. Najua imekaza kwa sababu nimeigonga kidogo, kwa kidole kimoja.

Nitamwambia mwenyewe, kabla hajauliza.