Sharuheni na Kisima cha Mama

Jumanne, katikati ya Aprili. Guangzhou, mvua tangu alfajiri.

Shajara, leo kuta za chumba zinatoa jasho. Ni ule msimu wa unyevu ambapo taulo halikauki na viatu vinaota ukungu chini ya kitanda. Mimi mtoto wa Turkana, niliyekulia mahali ambapo wingu moja linazungumziwa wiki nzima, nimechoshwa na maji. Namkumbuka mama mpaka kifua kinauma.

Sijamwona kwa miaka mitatu na nusu. Ana presha ya macho. Daktari alimwambia dawa zinachelewesha tu, kilichopotea hakirudi. Pembeni kumeshafungwa, anaona katikati. Januari aliniomba jambo moja, nije akiwa bado anauona uso wangu. Nikamwahidi Juni, nikishatetea tasnifu.

Ananitungia shanga za kuvaa siku nitakayofika. Anatunga haraka, ndugu yangu Ekai ameniambia, kama anayeshindana na mtu.

Kwa usiyejua ninachofanya hapa: natafuta mji uliopotea. Unaitwa Sharuheni, mji wa ngome pembezoni mwa jangwa, mashariki ya Misri. Watawala wa kigeni walipofukuzwa Misri walikimbilia humo, na jeshi la Misri likawafuata na kuuzingira mji miaka mitatu. Tunajua hivyo kwa sababu askari mmoja aliyekuwepo alitaka habari hiyo iandikwe kaburini mwake. Mji wenyewe ulikuwa wapi, wataalamu wanabishana hadi leo. Kuna vilima kadhaa vya magofu, na kila kimoja kina watetezi wake.

Mimi sijawahi kukanyaga huko. Nakaa maabara na picha za setilaiti. Hoja yangu ni ya mtoto wa jangwani: watu waliofungiwa miaka mitatu hawakufa kiu, kwa hiyo walikuwa na maji karibu kabisa na ukuta. Nikachukua visima vyote vilivyochorwa kwenye ramani za zamani, nikapima umbali wake hadi vilima ninavyoviona kwenye picha. Kilima Kikubwa, kama ninavyokiita, kilikuwa na visima viwili miguuni pake. Kilima Kidogo hakikuwa na hata kimoja. Nikakitupilia mbali. Nikaandika sura nzima, profesa akaisifu, na kesho natakiwa kumkabidhi nakala ya mwisho.

Mchana nilikuwa namalizia mpangilio wa kurasa. Hamu ya nyumbani ikanizidi. Nina tabia, nikichoka na jangwa la watu nalisogeza skrini hadi kwetu, natazama laga, ule mto wetu wa mchanga usio na maji. Mama ana kisima chake humo. Alikichimba mwenyewe, na hukifunga kwa matawi ya miiba mbuzi wasikichafue. Nikamwomba Ekai asimame kando yake anitumie mahali alipo kwa simu. Nikaingiza namba zile kwenye programu yetu ya maabara, kama ninavyoingiza kila kitu.

Kisima cha mama kikatokea juu ya mawe, nyuma ya kanisa.

Nilicheka kwanza. Nimeteka maji pale utoto wangu wote, miguu yangu inajua njia ile hata nikiwa usingizini. Kisha kicheko kikanikauka.

Ramani za simu za hapa China zimesogezwa kwa makusudi, mita mia kadhaa kutoka mahali halisi. Kila mtu maabara anajua. Ndiyo maana tuna programu ndogo ya kurudisha pointi mahali pake, na tunapitisha kila kitu humo bila kufikiri, kama mtu anavyonawa kabla ya kula. Lakini visima vya jangwani havikusogezwa na mtu. Kisima cha mama hakikusogezwa na mtu.

Mimi ndiye niliyevisogeza, kwa programu hiyo hiyo.

Nikavirudisha vyote. Visima viwili vikakihama Kilima Kikubwa. Vitatu vikajipanga chini ya Kilima Kidogo, ndani ya mto wake mkavu, karibu na ukuta kiasi cha mwanamke kubeba mtungi bila kupumzika njiani. Sisemi nimeupata Sharuheni. Nasema sura yangu inamwelekeza msomaji kwenye kilima kisicho na maji.

Nikiitoa sura hii, sitatetea Juni. Nafasi inayofuata ni Desemba, na nauli niliyonayo ni ya kwenda nyumbani mara moja tu, bila kurudi huku.

Nilimweleza Wambui, mfanyabiashara wa Nairobi tuliyepanga naye nyumba. Alikuwa ametoka Xintang kuangalia jinzi, mfuko wa sampuli umelowa. Alinisikiliza akiwa bado amesimama mlangoni.

“We Akiru, nani atacheck? Meiyou!” akasema, yaani hakuna, jibu analopewa na wauzaji kutwa nzima. “Hiyo tao, hiyo Sharuheni yako, ilikufa kitambo, haiwezi kasirika. Submit hiyo kitu, uende Baiyun upande ndege, uone mathako.”

Nakiri, nilikubaliana naye saa nzima. Nilijitia hamnazo, nikaendelea kupanga kurasa. Hata nilitazama bei za tiketi.

Kilichonirudisha ni mila ya nyumbani. Kwetu unaweza kumnyima mgeni mbuzi, unaweza kumnyima hata mahali pa kulala. Lakini akikuuliza kisima kilipo, unamwambia kweli, hata kama ni adui yako. Anayemdanganya mtu kuhusu maji hasalimiwi tena. Nami nilikuwa nakaribia kuliweka jina langu chini ya uongo wa visima.

Nikampigia mama. Tunaongea Kiturkana, hapa naandika kwa Kiswahili. Nilimweleza kosa, nikamweleza Desemba. Nilijikaza kisabuni nisilie, nikashindwa. Yeye akauliza kama sasa nina hakika visima viko mahali pake.

Nikasema ndiyo, mama.

“Basi waambie vilipo,” akasema. “Mimi nitaacha shanga za buluu, siku hizi zinanipotea kwenye sinia. Nitatunga nyekundu peke yake. Nyekundu bado naiona.”

Akaniuliza kama nimekula, akakata simu.

Kesho saa mbili asubuhi nitabisha mlango wa profesa, sura ikiwa mkononi, na nitasema yote. Hilo nimeshaamua, wala si hilo linaloniuma.

Ninachojiuliza, Shajara, ni kimoja tu. Desemba nikiingia uani kwake na kusimama mbele yake, nyekundu itakuwa bado ipo?